Ghala Ambalo Mjerumani Hakulichoma

Jamani, siku nyingi sijaonekana hapa kibarazani. Msinihukumu haraka. Nilikuwa kijijini kwetu Namasakata, na huko nilikwenda kutafuta kitu nikakikosa. Nitawaambia nilichokikosa, ila kwa mwisho. Kwanza tuanzie stendi.

Namasakata iko wilaya ya Tunduru, mkoa wa Ruvuma. Ukitoka Songea unashika njia ya mashariki, unapita Namtumbo, halafu unakwenda na kwenda mpaka Tunduru. Zamani safari hiyo ilikuwa adhabu. Wakati wa mvua basi lilinasa kwenye tope, abiria wakashuka kusukuma, na mwenye bahati alifika kesho yake. Siku hizi ni lami, unasinzia Songea unaamka Tunduru. Nilifika jioni, nikalala hapo mjini, asubuhi nikaenda stendi kutafuta gari dogo la kunifikisha kijijini.

Ilikuwa mwezi wa saba, asubuhi yenye baridi kidogo. Mama mmoja alikuwa amekaa pembeni na beseni lililofunikwa kwa kitambaa. Alipofunua, mvuke ukapanda. Ming'oko! Nikanunua ya shilingi mia tano, nikapanda gari, nikaanza kumenya na kutafuna. Pembeni yangu alikaa kaka mmoja wa rika langu, amevaa vizuri, simu kubwa mkononi. Akanitazama, akatabasamu, akasema: "Dada, kumbe na wewe unakula hivyo? Si chakula cha njaa hicho?"

Nilicheka tu. Sikumjibu, kwa sababu maneno hayo hayo niliwahi kuyasema mimi.

Nikiwa kidato cha pili, shule ya bweni Dar es Salaam, bibi yangu mzaa mama alinitumia mfuko kwa basi. Niliufungua bwenini mbele ya wenzangu nikitegemea karanga na korosho. Ndani ilikuwa ming'oko mitupu, bado ina udongo mwekundu wa kwetu. Wasichana waliangua kicheko. "Unatumiwa mizizi! Kwenu kuna njaa?" Nikasema ni dawa za bibi. Usiku nikaenda kuitupa shimoni. Likizo bibi akaniuliza kama nilikula, nikamjibu nilikula, tena tamu sana. Alifariki mwaka 2012, mimi nikiwa kidato cha nne, na uongo huo sikuwahi kuufuta.

Kwa hiyo leo namjibu yule kaka wa kwenye gari, na ninajijibu mimi mwenyewe wa kidato cha pili. Jibu lenyewe ni refu kidogo. Linaanzia mwaka 1905.

Lakini kabla ya vita, tuangalie sahani. Ukimuuliza mtu wa mjini chakula cha asili cha Mtanzania atakwambia ugali wa mahindi. Ukimuuliza mtu wa Tunduru atakuongezea muhogo, kisamvu, karanga, na kwa upande wa fedha, korosho. Sasa sikilizeni ajabu hii: vyote hivyo ni wageni. Mahindi asili yake ni Mexico. Muhogo, karanga na mkorosho vimetoka Amerika ya Kusini, vikavuka bahari na Wareno na wafanyabiashara waliokuja baada yao. Tumevipokea, tumevipenda, vimekuwa vyetu, sina ugomvi navyo. Ila wenyeji wa sahani ni wengine: mtama, ulezi, kunde, njugu mawe, mlenda. Na nyuma ya hao wa shambani wako wenyeji zaidi, ambao hakuna aliyewapanda. Wako porini.

Msitu wa kwetu ni wa miombo. Kwa mgeni ni miti tu, kilomita baada ya kilomita. Kwa bibi yangu ulikuwa duka lenye kalenda. Mwishoni mwa kiangazi na mvua za kwanza zinapokaribia ni zamu ya masuku na mbula. Masuku ni matunda ya rangi ya kahawia, nyama yake laini na tamu, watoto wanayagombea chini ya mti. Mbula ni tunda la unga unga, tamu, na kokwa lake likipasuliwa lina mbegu yenye mafuta. Mvua zikishika, uyoga unachomoza na majani ya mlenda yanachipua yenyewe bila kuombwa. Kuna matonga yenye ganda gumu kama mpira wa mbao, kuna furu nyeusi zinazopaka midomo rangi. Na mvua zikiisha, majani yakaanza kukauka, ndiyo zamu ya ming'oko.

Kwa wasioijua: ming'oko ni jamii ya viazi vikuu, ila ya porini. Wataalamu wa mimea wanaiita Dioscorea hirtiflora. Wakati wa mvua inatambaa na kukwea miti kama kamba. Kiangazi kikifika, majani yanapukutika na kamba yenyewe inakauka, unaweza kudhani imekufa. Chini ya udongo sasa ndipo penye mambo. Kuna viazi vyembamba, vidogo, vimeshikana kama vidole. Unavichimba, unavichemsha na chumvi kidogo, ganda linatoka kwa vidole, ndani ni vyeupe. Mtwara, Lindi na Tunduru hakuna asiyejua. Ukivuka Ruvuma kwenda Msumbiji ni ming'oko hiyo hiyo.

Haya, sasa tuingie vitani.

Wengi wetu tulisoma Vita vya Maji Maji kwa ajili ya mtihani: sababu tano, matokeo matano, funga daftari. Mimi nilipoisoma upya kwa utulivu niligundua kitu ambacho sikukiona darasani. Ukiacha bunduki pembeni, historia ile unaweza kuisimulia yote kwa mimea.

Mmea wa kwanza ni pamba. Kuanzia mwaka 1902, chini ya Gavana Götzen, serikali ya Kijerumani ililazimisha vijiji vya pwani na kusini kulima mashamba ya pamoja ya pamba. Watu waliacha mashamba yao ya chakula wakaenda kulima kitu kisicholiwa, kwa malipo ambayo wengine waliona bora wasiyapokee. Mwezi Julai 1905, huko Nandete katika milima ya Umatumbi, watu waliingia kwenye shamba la pamba wakaanza kuing'oa. Hivyo ndivyo vita vilivyotangazwa. Mche wa pamba uliong'olewa ndio uliokuwa barua ya kumwambia Mjerumani kwamba imetosha.

Mmea wa pili ulikuwa ndani ya dawa yenyewe. Yale maji ya Kinjikitile Ngwale wa Ngarambe, yaliyoaminika kugeuza risasi kuwa maji, yalichanganywa na mafuta ya nyonyo na punje za mtama. Kinjikitile alinyongwa Mohoro tarehe 4 Agosti 1905, lakini maji yalikuwa yameshasafiri. Kabla mwaka haujaisha yalikuwa yamefika Ungoni, na watu wa Songea wakaingia vitani.

Mwisho wake mnaujua. Tarehe 27 Februari 1906 Wajerumani waliwanyonga pale Songea mashujaa zaidi ya 60 kwa siku moja, pamoja na mwanamke mmoja, Mkomanile. Nduna Songea Mbano, ambaye mji unaitwa kwa jina lake, alinyongwa siku chache baadaye. Kila mwaka mwezi wa pili tunawakumbuka pale penye Makumbusho ya Maji Maji. Mwaka 2023, mwezi wa kumi na moja, Rais wa Ujerumani, Frank-Walter Steinmeier, alifika hapo hapo Songea akaomba msamaha.

Lakini waliokufa kwa kamba na kwa risasi ni wachache ukilinganisha na waliokufa kwa kitu kingine. Wajerumani waliona mapema kwamba kwa bunduki peke yake hawamalizi kazi, maana wapiganaji walikuwa wanatawanyika porini. Oktoba 1905 ofisa wao mmoja, Kapteni Wangenheim, aliandika kwamba kwa maoni yake njaa na ufukara tu ndivyo vitakavyowafanya watu wasalimu amri moja kwa moja. Na serikali ikafanya hivyo. Vijiji vilichomwa. Mashamba yalichomwa. Maghala yalibebwa au yakatiwa moto. Njaa iliendelea hata baada ya bunduki kunyamaza, kwa sababu mbegu za kupanda nazo ziliteketea au zililiwa. Hesabu ya Wajerumani wenyewe ilisema walikufa watu 75,000. Mwanahistoria wetu Gilbert Gwassa alikadiria 250,000 hadi 300,000. Wengi wa hao hawakuuawa na bunduki. Waliuawa na jiko lisilo na kitu.

Sasa niulizeni: waliobaki walibakije?

Mama yake bibi alikuwa msichana mdogo wakati huo. Bibi alitusimulia kama alivyosimuliwa, jioni, akipepeta mchele, wala hakuwa anafundisha historia. Alisema walikuwa wanaishi porini. Mchana hawakuwasha moto, moshi ungewasaliti. Usiku ndipo walipopika, na walichopika ni kile kilichochimbwa mchana. Alisema kulikuwa na kamba kavu ambazo mtu asiyejua angezipita, na mama yake, yaani mama wa bibi wa mama yangu, alikuwa anazifuata kwa vidole kutoka mtini hadi ardhini, kisha anachimba.

Hapa ndipo nilipoelewa. Mjerumani alichoma chakula alichokiona. Ghala lina paa, shamba lina mistari, mtama umesimama mrefu kuliko mtu. Vyote hivyo unaweza kuvihesabu na kuvitia kiberiti. Ming'oko haina mistari wala paa. Hata ukiuchoma msitu wote! Miombo inaungua karibu kila kiangazi, moto unapita juu, majani na nyasi vinateketea, kamba iliyokauka inaungua, na kiazi kiko chini ya udongo, salama. Mvua ya kwanza inanyesha, kinachipua. Mmea huo ulishazoea moto kabla Ujerumani haijawa nchi.

Ila ghala hilo lina ufunguo wake, na ufunguo si jembe. Ni kujua. Kujua kamba ipi, udongo upi, mwezi upi, na lipi ni chakula na lipi ni sumu. Ufunguo huo ulikuwa kichwani mwa wanawake. Tukikumbuka Maji Maji tunakumbuka mikuki, ngao, gobole na majina ya wanaume walionyongwa, na ni haki yao. Ila waliotuzaa sisi ni wale walioishi, na wengi wao waliishi kwa sababu kuna mwanamke alijua wapi pa kuchimba. Huyo hatuna siku yake.

Msinielewe vibaya. Sisemi msitu uliwalisha wote. Mamia kwa maelfu wasingekufa kama mizizi ingetosha. Porini chakula kipo, lakini hakipo cha kila mtu kwa wakati mmoja, na mtu mwenye njaa hana nguvu ya kuchimba. Ninachosema ni kwamba kati ya kufa na kuishi kulikuwa na uzi mwembamba, na uzi wenyewe ulikuwa kamba ya ming'oko.

Tuje kwenye aibu. Imetoka wapi?

Mimi nina wazo langu, mnaweza kulipinga. Ofisa anayeandika ripoti ya njaa anaandika kwamba watu wanakula mizizi. Mwaka wa neema ofisa huyo haandiki ripoti ya njaa, kwa hiyo haandiki kwamba watu wanakula mizizi ile ile, wakiwa wameshiba, kwa sababu wanaipenda. Ukisoma makaratasi yake miaka mia baadaye utadhani mizizi na njaa ni mapacha. Na sisi tuliosoma shule tumeyameza makaratasi.

Angalieni kalenda, ndiyo ushahidi wangu. Kusini tunavuna mahindi kuanzia mwezi wa tano. Miezi ya njaa kwetu ni ya kwanza hadi ya tatu, ghala la mwaka jana limekwisha na shamba jipya halijakomaa. Ming'oko inachimbwa kuanzia mwezi wa sita, ghala likiwa limejaa! Mwezi wa kwanza, njaa inapouma, ming'oko haiko tayari, kamba ni mbichi. Chakula gani hicho cha njaa kinachokuja wakati wa shibe? Ming'oko ni kitafunwa cha watu walioshiba ambacho siku moja kiliitwa kuokoa, kikaitika. Basi tukakipa jina la ile siku moja, tukasahau siku nyingine zote.

Halafu yakaja mengine. Miaka ya 1973 hadi 1976 watu wengi nchini walihamishwa kwenda kwenye vijiji vya ujamaa kando ya barabara. Faida zake zilikuwepo, shule na zahanati na visima. Lakini mahame yakabaki nyuma pamoja na miti yake na vijia vyake, na mtoto aliyezaliwa barabarani hakufuatana na mama yake porini kama mama alivyofuatana na bibi. Baadaye korosho ikapanda bei, ufuta ukapanda bei, msitu ukafyekwa kupisha mashamba. Simlaumu mkulima, korosho ndiyo iliyonilipia ada ya shule. Nasema tu hesabu imekuwa hivyo.

Na huku mjini mambo yanageuka kwa namna ya kuchekesha. Mwaka 2008 Umoja wa Ulaya uliruhusu unga wa ubuyu kuuzwa kama chakula, na mwaka uliofuata Marekani nayo ikakubali. Ubuyu ule ule tuliokuwa tunaulamba na rangi nyekundu mpaka ulimi unatisha! Sasa uko madukani Ulaya kwenye pakiti nzuri, wanaweka kwenye juisi ya asubuhi. Dar na Zanzibar ukitaka kumheshimu mgeni unampa juisi ya mabungo au ya ukwaju. Mnavu na mgagani, mboga tulizoambiwa ni za watu wa shamba, zinafungwa kwenye mifuko zinauzwa kwenye maduka makubwa. Arusha, Kituo cha Mboga Duniani kipo tangu mwaka 1992 na kinatunza mbegu za mboga za Kiafrika, mlenda ukiwemo. Mwaka 2002 Christopher Ruffo, Ann Birnie na Bo Tengnäs walitoa kitabu kinene sana kuhusu mimea ya porini inayoliwa Tanzania. Kwa hiyo wanaojua thamani wapo. Ni sisi wa katikati, tuliosoma kidogo na kuona haya sana, ndio tuliotupa mfuko shimoni.

Lakini soko nalo si rafiki wa kumwamini moja kwa moja. Nitawapa mfano wa jirani. Zambia wana chakula wanakiita chikanda. Ni viazi vidogo vya maua ya okidi, vinatwangwa, vinachanganywa na karanga, vinapikwa hadi vinashikana kama keki. Zamani kilikuwa chakula cha kijijini. Kilipopendwa mijini, okidi za Zambia zikapungua, wafanyabiashara wakavuka mpaka wakaja nyanda zetu za juu kusini. Viazi vikachimbwa kwa magunia. Okidi ukishamchimbia kiazi umemaliza, hachipui tena. Hifadhi ya Taifa ya Kitulo ilianzishwa mwaka 2005 hasa kwa ajili ya mimea, na okidi ni sehemu kubwa ya sababu. Mmea unaoliwa na kijiji unaweza kuishi miaka elfu. Mmea huo huo ukiliwa na jiji usipopandwa unaweza kuisha kwa kizazi kimoja.

Hilo nililiwaza nikiwa na mama mkubwa, dada yake mama, pale Namasakata. Sisi Wayao ukoo wetu unakwenda kwa mama, kwa hiyo mama mkubwa si shangazi wa mbali, ni mama hasa. Siku ya pili ya kufika alinichukua asubuhi tukaenda porini, yeye na jembe dogo, mimi na simu ya kupigia picha. Nilitembea juu ya ming'oko mara tatu bila kuiona. Yeye anasimama, anashika kamba kavu nyembamba kama uzi, anaivuta taratibu, anainama. Akachimba pembeni, hakuchimba juu ya shina. Akatoa viazi, akaacha kichwa cha mmea na viazi vichache, akarudishia udongo akaukanyaga kwa unyayo.

"Mbona unaacha, mama mkubwa?"

"Mwanangu, kwani mwakani hatuli?"

Siku hizi, aliniambia, vijana wanaochimba kwa ajili ya kuuza stendi hawarudishii udongo. Wanataka kujaza gunia kabla gari halijaondoka. Na tulitembea mbali. Zamani, alisema, ming'oko ilikuwa nyuma ya nyumba.

Sasa nifike kwenye kile nilichokikosa.

Kuna kiazi kingine cha porini kinaitwa ndiga. Nacho ni ndugu wa ming'oko, kwa kitaalamu Dioscorea dumetorum, ila ndugu huyu ana sumu. Ukikila kama unavyokula ming'oko, sumu yake inashambulia mfumo wa fahamu, unaweza kutetemeka, kudegedega na kufa. Lakini ndiga ni kubwa, inashibisha, na mwaka mbaya ming'oko ikishaisha yenyewe inakuwa bado ipo, maana hata nguruwe pori wanaiogopa. Wazee waliijulia. Unaimenya, unaikata vipande vyembamba, unaiweka kwenye kapu, unalitumbukiza kapu kwenye maji yanayotembea, maji yanaosha sumu siku baada ya siku. Kisha unaianika, unaitwanga, unapata unga. Bibi alisema mama yake aliponea ndiga. Kwa hiyo na mimi, kwa namna fulani, nimeponea ndiga.

Ndicho nilichokwenda kuuliza. Siku ngapi? Maji ya mto tu au hata ya kisima? Unajuaje kwamba sumu imekwisha?

Mama mkubwa alinyamaza muda mrefu. Kisha akasema: "Mama alikuwa anajua. Mimi nilikuwa namkuta ameshaloweka, nikiwa mdogo sana, mara moja au mbili. Alikuwa anaonja kwa ncha ya ulimi, anatema, anarudisha kapu majini. Siku tatu? Siku saba? Sikuhesabu, mwanangu. Hatukuwa na shida, tulikuwa na muhogo."

Tukaenda kwa bibi mmoja jirani, mzee kuliko yeye. Akasema siku tatu. Tukaenda kwa mwingine, akasema saba, na ni lazima maji yatembee. Wa tatu akasema ndiga ya upande huu na ya upande ule hazifanani, akatuonya tusiguse. Watatu, majibu matatu, na kosa la siku moja ni kaburi. Kwa hiyo jibu halipo tena pale. Lilizikwa mwaka 2012, na mimi ndiye niliyekuwa na likizo kila mwezi wa sita na wa kumi na mbili, nimekaa ubavuni mwake nikisoma sababu tano za Vita vya Maji Maji.

Angalieni tulivyofanya. Ghala ambalo jeshi zima la Mjerumani halikuweza kulichoma, sisi tumelifunga kwa shibe na aibu, ufunguo tukautupa. Hakuna aliyetulazimisha. Na sisemi njaa ya 1906 itarudi kesho, barabara ni lami na unga unauzwa dukani. Ila mvua siku hizi hazieleweki, mkulima yeyote wa Tunduru atakwambia, na mahindi ni mgeni anayeringa, akikosa mvua wiki tatu anakunja mikono.

(Na jamani, asitokee mtu akaenda kujaribu ndiga kwa sababu kasoma hapa. Nimewaambia, hesabu sina.)

Nilipoondoka mama mkubwa alinifungia mfuko wa ming'oko, una udongo mwekundu vile vile. Nimeufikisha Dar. Jumatatu nilichemsha nikaipeleka ofisini, nikaiweka mezani bila kueleza kitu. Wawili walionja, mmoja akauliza inapatikana wapi, mwingine akasema inafanana na kitu alichopewa na bibi yake Masasi zamani, halafu akakaa kimya kidogo.

Nisiwachoshe zaidi. Mwenye bibi hai, ampigie leo, asingoje sikukuu. Na ukimpigia, usimwulize walikuwa wanakula nini wakati wa njaa. Muulize tu walikuwa wanakula nini, halafu uhesabu siku.